Fundo la Uzi wa Nyavu

Ninaandika polepole. Mkono ninaoutumia ni wa kushoto, nao ulianza shule ukiwa na miaka kumi na tisa, wakati mwenzake wa kulia alikwisha kumaliza darasa la saba zamani. Kwa hiyo msomaji anivumilie. Nimeamua kuandika kwa sababu kila nikipita mwaloni Kirumba, pale mitumbwi ya samaki inaposhusha, bado naona vijana wamefungwa uzi mkononi, wanacheka, wanaendelea na kazi. Kaka yangu Bwire amenikubalia nieleze yote, hata yanayomhusu yeye. Nilipomwomba alisema, "Andika. Mimi nitakaa nje." Sasa hivi yuko nje.

Sisi ni watu wa Majita. Baba alipofariki, mama alituleta Mwanza, tukapanga chumba Kirumba, karibu na mwalo. Enzi hizo viwanda vya minofu vilikuwa vinafunguliwa kimoja baada ya kingine, magari ya barafu yanapanga mstari, na minofu yote ya sangara inakwenda nje. Sisi tulibaki kula mapanki, yaani kichwa na mifupa. Kazi yetu mimi na kaka ilikuwa kutoa samaki kwenye mitumbwi na kuwabeba hadi kwenye mizani. Ulikuwa mwaka ule gugumaji lilipoufunga mwalo, mitumbwi ikawa inaburutwa juu ya majani kama mkokoteni.

Sangara aliyenichoma alikuwa mrefu kunifika kifuani, na alikuwa bado hai. Bwire alimpiga rungu la kichwa mara ya kwanza, mara ya pili, damu ikaturukia sote wawili. Tukadhani amekufa. Nilipomwingiza mkono chini ya shavu nimwinue, alijipinda kwa nguvu zote zilizombakia, na mwiba wa pezi la mgongoni ukaingia katika kiganja changu cha kulia ukatokea upande wa pili. Nikapiga magoti kwenye majani. Bwire alimpiga yule samaki mpaka kichwa kikawa uji, mwenye samaki akaja kugombana kwa sababu kiwanda hakipokei kichwa kilichopondwa.

Mwaloni kila mtu anajua, au anadhani anajua, kwamba ukichomwa na mwiba wa sangara au wa yule samaki aitwaye gogogo, sumu lazima izuiwe isipande. Unachukua uzi wa nyavu, unauloweka katika maji ya moto yenye chumvi, unafunga juu ya kifundo cha mkono, na haufunguliwi mpaka maumivu yaishe. Baba alifanya hivyo, na baba yake. Bwire alinifunga kwa upendo. Alitumia fundo la wavuvi, lile ambalo ukilivuta linazidi kukaza, akavuta kwa meno. Nilipolia aliniambia nijikaze, kulia ni dalili kwamba sumu inapigana.

Usiku mzima nilikuwa naupigiza ukutani mkono huo. Ulivimba mpaka uzi ukapotea ndani ya nyama. Lakini asubuhi ya pili maumivu yakaisha. Yaliisha ghafla, kama taa iliyozimwa. Mama alimshukuru Mungu kwa sauti, Bwire akaninunulia soda. Nilikula ugali kwa mkono wa kushoto, wote tunacheka, mkono wa kulia umelala mapajani kama kitu cha mtu mwingine.

Siku ya tatu chumba kilianza kunuka. Mama alidhani ni mapanki yaliyosahaulika chini ya kitanda. Akatoa vyombo vyote, akafagia, akamwaga maji, harufu haikuondoka. Ndipo alipouinamia mkono wangu na kuunusa. Nakumbuka uso wake. Alichukua kanga yake nyingine akaufunika, na tukaondoka.

Katika benchi la hospitali watu walisogea, wakasogea tena, mpaka tukabaki sisi watatu na benchi zima. Mganga aliingiza mkasi akakata ule uzi, na ngozi ikapasuka hapo hapo kama embe lililooza. Vidole vilikuwa na rangi ya ini. Aliuliza nani alifunga. Bwire alitazama sakafu. Akasema, "Samaki angekupa jipu tu. Uzi huu ndio ulioua mkono."

Bwire alimrukia. Alimkamata koo, wakaangusha meza ya dawa, chupa zikavunjika, na askari wa mlangoni wakaja na virungu. Walimpiga kaka yangu korido nzima mpaka getini, na mimi nilimsikia akipiga kelele kwamba ni samaki, ni samaki. Yule mganga alirudi akiwa na shati limechanika, akavaa glovu ambazo mama alizinunua dukani, na akaendelea na kazi yake bila kunilaumu. Namshukuru mpaka leo.

Walinikata mara mbili. Mara ya kwanza kwenye kifundo. Nilipozinduka nilidhani wameahirisha, kwa sababu niliusikia mkono wangu wote, tena umefumba ngumi, kucha zinaingia kiganjani. Nilimwomba sista aufungue. Alinishika bega akaniambia niangalie mwenyewe. Baada ya wiki moja uozo ukawa umepanda, wakanikata tena chini kidogo ya kiwiko. Ile ngumi haikuondoka. Mpaka leo, siku ya mvua, kiganja ambacho hakipo kinajifinya.

Kilichonitesa kuliko kukatwa ni kusafishwa kidonda, kila baada ya siku moja. Ukisikia magurudumu ya kile kigari cha vyombo, wadi nzima inanyamaza. Walikuwa wanavuta bandeji iliyogandamana na nyama, wanakwangua mpaka damu safi itoke. Mimi ambaye sikuwahi kumjibu mtu mzima, nilimpiga teke la tumbo kijana wa vidonda akakaa chini. Alipoinuka alinifunga miguu kwa shuka akamaliza kazi. Siku iliyofuata nilimwomba radhi. Akasema wengine wamemng'ata, teke si kitu.

Kitanda cha jirani alilala Mzee Lubinza, mkulima wa pamba kutoka Magu, ambaye mkokoteni wa ng'ombe ulimpanda mguu, ukakatwa. Alikuwa mtu mkali, akiwatupia wahudumu sahani na kuwatishia mbu kwa mkongojo wake. Lakini kwangu alikuwa mwema. Ndiye aliyenifundisha kufunga kifungo cha shati kwa mkono mmoja, na ndiye wa kwanza kuniambia habari ya ile sheria.

Alisema ipo sheria ya nchi, tangu mimi nikiwa mtoto, kwamba ofisi yenye watu wengi lazima iajiri walemavu, wawili katika kila mia. Viwanda vya watu binafsi havijali, ila idara za serikali huwa zinaulizwa. "Mimi sina mguu, wewe huna mkono," alisema. "Wakituunganisha tutajaza nafasi moja na chenji itabaki." Wadi nzima ilicheka. Mimi sikucheka. Nilianza kufikiri. Mwaloni sirudi, mkono mmoja hauinui sangara. Nje ya hapo niliona kitu kimoja tu, kukaa mlangoni pa stendi na bakuli. Nafasi hiyo ya wawili katika kila mia ndiyo iliyonifanya nikubali kula.

Nyumbani kulikuwa vita. Mama alikuwa ameyasikia yaliyosemwa na mganga, na siku niliporudi, vuli imeanza, alimpiga Bwire kwa mwiko mbele ya majirani, mgongoni, kichwani, mwiko ukakatika, akaendelea na kipande. Bwire hakukwepa. Alisimama mikono chini kama mtoto wa shule. Baadaye alikwenda uani akapiga ukuta kwa ngumi mpaka mifupa miwili ya vidole ikavunjika. Tukawa na watu wawili wenye bandeji katika chumba kimoja. Kwa majirani na kwa padri tulisema ni samaki. Hatukukubaliana kusema hivyo, ilitokea tu.

Niliruhusiwa kwenda kliniki kila Jumanne. Kabla ya Krismasi nilikwenda ofisi ya ustawi wa jamii kujiandikisha, kwa sababu bila cheti cha ulemavu huwezi kuomba nafasi ile. Afisa aliitwa Mama Kulwa, mama mnene mwenye miwani iliyofungwa na waya. Aliniambia nifungue bandeji. Aliangalia kigutu kwa muda mrefu.

"Bado kinatoa maji," alisema. "Mwanangu, kwa karatasi zangu wewe ni mgonjwa. Mgonjwa anatibiwa, mlemavu ndiye anasajiliwa. Rudi kikifunga kabisa."

Bwire alipiga teke benchi likavunjika mguu. Alifoka kwamba mkono umekatwa, je, wanangoja uote? Mama Kulwa hakuinua sauti. Alisema hata akiandika leo, idara yoyote itamwona mtu mwenye kidonda kibichi na kumrudisha, na akirudishwa mara moja jina lake halitazamwi tena. Tulitoka. Njiani nilifikiri jinsi mambo yalivyogeuka, kwamba sasa nilitakiwa nipone haraka ili nipate kuitwa mlemavu.

Kuanzia hapo nilihesabu siku kwa kidonda. Mvua za Machi zilipoanza kilikuwa na upana wa kijiko cha chai. Pasaka kilikuwa kama punje ya mahindi. Wakati huo Bwire alininunulia daftari la mistari mipana, la watoto wa darasa la kwanza, akaniambia nafasi nyingi kama hizo ni za tarishi, na tarishi lazima aandike jina la aliyepokea barua. Kila jioni niliandika a na e. Herufi zililala, zilianguka, zilipanda mstari wa juu. Siku moja nilitupa kalamu nikasema heri ningekufa na mkono wangu. Bwire alinipiga daftari usoni, kisha kofi, pua ikatoka damu. Halafu akaokota kalamu akaniwekea katikati ya vidole, na akasema tuanze tena na a. Nilimchukia kwa wiki nzima. Lakini niliandika.

Baiskeli nilijifunza kiwanjani, maana tarishi husambaza barua kwa baiskeli. Nilianguka upande wa kulia kila mara, kwa sababu mwili ulikuwa unanyoosha mkono usiokuwepo.

Kidonda kilifunga kiangazi kilipoingia. Daktari alisaini. Mama Kulwa alijaza fomu, akafika kwenye swali la chanzo cha ulemavu, akainua macho. Bwire alikuwa amesimama nyuma yangu, nilikuwa nasikia pumzi yake.

"Samaki," nilisema.

Mama Kulwa aliandika. Nadhani alijua, maana ripoti ya hospitali ilikuwa mbele yake.

Mwezi uliofuata jina langu lilitoka kwa usaili wa tarishi katika idara moja ya serikali hapa mjini, ambayo sitaitaja. Nafasi ya walemavu ilikuwa moja, tulioitwa tulikuwa watatu. Mama alinipigia pasi shati la marehemu baba. Bwire alinisindikiza.

Huo ulikuwa wakati wa kupunguza watu kazini. Ubao wa matangazo ulikuwa kwenye veranda, na mtu fulani, bila kufikiri, alikuwa amebandika karatasi mbili pamoja. Kushoto majina ya waliopunguzwa, kulia majina yetu. Mbele ya ubao alisimama mzee mmoja ameshika baiskeli ya ofisi. Huyu alikuwa Mzee Petro, tarishi wa idara ile kwa miaka mingi, na siku hiyo alikuwa amekuja kuirudisha baiskeli. Nilimwamkia shikamoo. Hakuitikia. Alisoma karatasi ya kushoto, akasoma ya kulia, akatazama mkono wa shati langu uliokunjwa na kufungwa kwa pini.

"Kwa hiyo mimi wa mikono miwili natoka," alisema, "na wewe wa mmoja unaingia."

Mimi ni mtu wa kutazama chini, na nilipotazama chini sikuona pampu ya baiskeli ikiinuka. Ilikuwa ya chuma. Alinipiga nayo juu ya kigutu, mara mbili, kwa nguvu ya mtu anayeua nyoka. Nilisikia ngozi mpya ikiachia. Nikaanguka kwenye ngazi, na joto likaanza kushuka ndani ya shati la baba.

Bwire alikuwa tayari amemkamata koo. Alimbamiza ukutani, kichwa kikagonga ubao, karatasi zote mbili zikaanguka. Macho ya mzee yalianza kutoka. Watu walipiga kelele dirishani, hakuna aliyesogea. Nilimwona kaka yangu akiwa na uso ule ule aliokuwa nao alipomponda sangara, na niliona yatakayofuata: polisi watakuja, mzee atakufa, kaka atafungwa, na mimi ni mtu mwenye kidonda kibichi. Mgonjwa. Jina langu halitatazamwa tena.

Katika maisha yangu sikuwahi kumwamrisha Bwire. Nilisema, "Kaka, mwache. Njoo unifunge."

Aligeuka. Aliona damu. Mikono yake ikaachia ile shingo, na Mzee Petro akakaa chini akikohoa, akilia, pampu bado mkononi.

Tulikwenda kwenye bomba nyuma ya jengo. Nilivua shati. Kovu lilikuwa limefunguka urefu wa kidole. Bwire alichana leso ya mama niliyokuwa nayo mfukoni, akaishika mbele yangu, na akashindwa. Mtu aliyekuwa amebakiza kidogo aue, hakuweza kufunga leso. Alisema nimwite mtu mwingine, mtu yeyote. Nilimwambia hakuna mtu mwingine, na wananiita sasa hivi.

Basi akafunga. Alizungusha mara moja, akaingiza kidole chake chini ya kitambaa kuona kama kinapita, akazungusha tena, akaingiza kidole tena. Hakutumia fundo la wavuvi. Alifunga kama mwanamke anavyofunga utepe wa mtoto.

"Inauma?" aliniuliza.

"Inauma sana."

"Sawa," alisema, akaanza kulia. "Sawa. Iendelee kuuma."

Nilivaa koti lake kufunika shati, nikaingia. Walikuwa wanaume wawili na Mama Kulwa, aliyekuja kusimamia nafasi yetu. Nilipokabidhi cheti kwa mkono wa kushoto, mwenyekiti, mzee wa makamo, alikunja uso kwa jinsi tulivyolelewa kwamba mkubwa hapewi kitu kwa kushoto. Nilimwomba samahani, nikasema ndio niliobaki nao. Alikohoa, akapokea. Akaniambia niandike anayoyasoma: jina la ofisi, sanduku la posta, sentensi mbili. Alisoma, mimi naandika. Alimaliza, mimi naandika. Aliangalia saa. Jasho lilinidondoka, na nilisikia leso imejaa.

Tone moja lilianguka kwenye sakafu ya saruji, kisha jingine, karibu na mguu wa kiti. Yule mwanaume wa pili aliuliza mbona huyu kijana anatetemeka, ana uhakika amepona? Mama Kulwa alikuwa ameliona tone. Aliinuka kama anayetaka kufungua dirisha, na alipokaa tena, kiatu chake kilikuwa juu ya lile tone.

"Cheti kinasema amepona," alisema. "Mwacheni amalize sentensi."

Niliimaliza. Ilikuwa na herufi zilizolala, lakini haikuwa na kosa.

Nilipata ile nafasi. Kovu lilishonwa tena, likafunga kabla ya siku ya kuripoti. Baadaye nilielezwa kwamba jina la Mzee Petro lilikuwa limeandikwa miezi kabla sijajulikana pale, na kwamba hata mimi nisingekuja angeondoka. Sijui kama yeye aliwahi kuambiwa. Ana meza ya sabuni na viberiti Mabatini. Nikipita na barua nashuka kwenye baiskeli yake, namwamkia, na yeye anapanga viberiti. Marahaba yake sijaisikia bado.

Wewe unayesoma ukiwa na kidonda, sina elimu ya kukufundisha. Najua vitu vichache tu. Usifunge uzi. Maumivu yakiisha ghafla, usishangilie, kimbia hospitali. Ukikatwa, nenda kliniki hata siku unayojiona mzima, na uliza habari ya zile nafasi mapema, kwa maana foleni yake ni ndefu na wengi hawaambiwi kwamba zipo. Na aliyekuumiza kwa kukupenda, usimwache peke yake uani na ukuta.

Kila asubuhi kabla sijakwenda kazini Bwire ananikunjia mkono wa shati na kuufunga. Anaingiza kidole kuona kama kinapita, kisha ananiuliza kama inauma. Siku hizi hainiumi. Lakini nikisema hapana anafungua na kuanza upya, na mimi nachelewa. Kwa hiyo namwambia inauma kidogo.